Ibada Sebuleni: Neil Postman na Swali la Dini Katika Televisheni

Swali ambalo Neil Postman aliliuliza katika kitabu chake cha mwaka 1985, Amusing Ourselves to Death, ni la kifalsafa kabla halijawa la kidini: je, jambo laweza kuhamishwa kutoka chombo kimoja cha mawasiliano hadi kingine bila lenyewe kugeuka? Postman alilipitisha swali hilo katika siasa, habari na elimu, lakini ni kwenye dini, katika sura ya nane ya kitabu, ndiko lilikopata makali yake yote. Habari iliyopunguzwa uzito bado yaweza kuitwa habari. Ibada iliyoondolewa uchaji ni vigumu kusema imebaki kuwa nini.

Postman alizaliwa New York mwaka 1931 katika familia ya Kiyahudi. Alipata shahada ya uzamivu katika elimu Chuo Kikuu cha Columbia mwaka 1958, na mwaka uliofuata akaanza kufundisha Chuo Kikuu cha New York, alikobaki hadi karibu na kifo chake mwaka 2003. Hapo ndipo alipoanzisha, mwaka 1971, programu ya masomo aliyoiita ekolojia ya vyombo vya habari. Somo hilo linavichukulia vyombo vya mawasiliano kuwa mazingira ambamo watu wanaishi na kufikiri, wala si mifereji ya kupitishia taarifa tu. Vitabu vyake vya mwanzo vilihusu shule. Mwaka 1969, akishirikiana na Charles Weingartner, aliwataka walimu wawafundishe wanafunzi kuhoji kila kitu. Miaka kumi baadaye aliandika kwamba kazi ya shule ni kuhifadhi kile ambacho televisheni inakiondoa. Mwaka 1982 akatoa The Disappearance of Childhood, akieleza kwamba televisheni, kwa kuwaonyesha watu wa umri wote mambo yale yale, inafuta mpaka uliotenganisha utoto na utu uzima. Aliifikia dini, basi, kwa njia ya darasa. Aliona mipaka ikifutika kwa watoto, kisha akaona mipaka mingine ikifutika.

Wenzake wa karibu katika uwanja huu walikuwa watu wa dini kwa namna moja au nyingine. Marshall McLuhan wa Kanada aliingia Ukatoliki mwaka 1937, Walter Ong alikuwa padri Mjesuiti, na Jacques Ellul wa Ufaransa alikuwa mwanateolojia wa Kiprotestanti aliyeandika juu ya neno kudhalilishwa na picha. Hili si jambo la ajabu. Aliyelelewa katika mapokeo yanayobishana kwa karne nyingi kuhusu neno, sanamu, mkate na divai amekwisha kufundishwa kwamba umbo la kitu halitengani kirahisi na kilichomo.

Hoja ya Postman inaanzia kwenye Torati. Amri Kumi, pamoja na kukataza uuaji na wizi, zinakataza kuchonga sanamu au kufanya mfano wa kitu chochote kilichopo mbinguni au duniani. Postman alijiuliza kwa nini sheria ya maadili iingilie namna watu wanavyowasilisha wanayoyajua. Jibu lake ni kwamba watu walioitwa kumwabudu Mungu mmoja, asiyeonekana na asiye wa mahali pamoja, walihitaji akili iliyozoea mambo yasiyoshikika, na mazoea ya kuchonga yangewafunga kwenye yanayoshikika. Mungu huyo alipaswa kukaa katika Neno. Kwa hiyo, kwa maoni ya Postman, mtoa sheria alikuwa amekwisha kung'amua kwamba kila chombo cha mawasiliano kina upendeleo wake: moshi unaopandishwa mlimani unatosha kuonya kuhusu adui, lakini hautoshi kujadili asili ya uhai.

Hapo anamfuata McLuhan, ila anamrekebisha. McLuhan alifundisha kwamba chombo chenyewe kinabeba ujumbe mkubwa kuliko yanayosemwa kupitia chombo hicho. Postman aliona kwamba ujumbe ni kauli ya wazi ambayo mtu anaweza kuikubali au kuikataa, ilhali chombo hufanya kazi kimyakimya, kama sitiari, kikimzoesha mtu kuutazama ulimwengu kwa jicho fulani bila kumwomba ridhaa. Ndiyo maana alilipeleka suala hili moja kwa moja kwenye falsafa ya maarifa. Kila jamii huamua ni umbo gani la usemi linalostahili kubeba ukweli. Alitoa mfano wa jamii ya Afrika Magharibi ambako wagombanao humwendea kiongozi wao, naye hutafuta methali inayoikata kesi. Msomaji wa Kiswahili hana haja ya kuelezwa uzito wa methali barazani. Lakini methali hiyohiyo ikitamkwa na wakili katika mahakama ya New York haitahesabiwa kuwa ushahidi, kwa kuwa mahakama hiyo imekubali kwamba ukweli unakaa kwenye maandishi.

Kutoka hapo Postman anasimulia historia ya Marekani kama safari kutoka matbaa hadi kioo. Mfano wake unaokumbukwa zaidi ni midahalo ya Abraham Lincoln na Stephen Douglas mwaka 1858, ambamo mzungumzaji wa kwanza alipewa saa nzima, mpinzani wake saa moja na nusu, kisha wa kwanza akapewa nusu saa ya kujibu, na umati wa wakulima na wafanyabiashara wa Illinois ukasimama ukisikiliza sentensi ndefu zenye vishazi ndani ya vishazi. Kwa upande wa dini anamtaja Jonathan Edwards wa Massachusetts, mhubiri wa karne ya 18 ambaye mahubiri yake yalikuwa hoja za kiteolojia zilizosukwa kwa makini. Waliomsikiliza walilazimika kuelewa mafundisho ili waguswe. Kisha ikaja telegrafu ya Samuel Morse, iliyopeleka ujumbe wake mashuhuri kutoka Washington hadi Baltimore mwaka 1844, na kuanza kumletea mtu habari za mbali asizoweza kuzifanyia lolote. Ikaja picha, inayoonyesha kitu bila kukifafanua. Televisheni iliunganisha hayo mawili na kuyaingiza nyumbani.

Lawama ya Postman mara nyingi hunukuliwa vibaya. Hakusema kwamba televisheni ni mbaya kwa sababu inaburudisha. Vichekesho na michezo havikumsumbua, na alikiri kwamba katika hayo televisheni inafanya kazi yake vizuri. Kilichomtia hofu ni pale inapojitwika mazungumzo mazito na kuyapa umbo la burudani. Ushahidi wake mzuri zaidi ni kipindi kilichofuata filamu ya The Day After, iliyoonyeshwa na ABC tarehe 20 Novemba 1983 na kutazamwa na watu wanaokadiriwa kufika milioni 100. Filamu hiyo ilihusu vita vya nyuklia, na baada yake walikaribishwa watu wasio na mzaha hata kidogo: Henry Kissinger, Robert McNamara, Elie Wiesel, Carl Sagan, William Buckley. Kila mmoja alisema lake kwa dakika chache kisha zamu ikapita. Hakuna aliyejenga hoja juu ya hoja ya mwenzake, hakuna aliyeruhusiwa kunyamaza afikiri, kwa sababu mtu anayefikiri hana cha kuonyesha kwenye kioo. Kama mazungumzo juu ya kuangamia kwa binadamu yaliwashinda watu wa namna hiyo, Postman alikuwa na haki ya kukilaumu chombo.

Kwa ajili ya sura ya dini alitazama saa 42 za vipindi vya wahubiri wa Marekani, wakiwamo Robert Schuller, Oral Roberts, Jimmy Swaggart, Jerry Falwell, Jim Bakker na Pat Robertson. Alikiri kwamba saa tano zingetosha. Alifikia mahitimisho mawili. La kwanza ni kwamba katika vipindi hivyo dini inatolewa kama burudani, bila kificho: kanuni za ibada, mafundisho, mapokeo na teolojia vimeondolewa, na mhubiri ndiye nyota wa kipindi, Mungu akibaki mshiriki wa pembeni. La pili, ambalo ndilo zito, ni kwamba kosa hilo si la wahubiri kwanza. Wengine wao walikuwa waaminifu na wenye elimu. Kosa ni la chombo.

Sababu alizozitoa zinastahili kutazamwa moja moja, kwa sababu hazilingani nguvu. Ya kwanza ni mahali. Ibada huhitaji mahali palipotengwa, na mahali pa kawaida panaweza kutengwa: ukumbi wa michezo hugeuka kanisa kwa saa moja pale watu wanapoweka msalaba, wanapobadili mwenendo, wanaponyamaza. Lakini anayetazama kipindi cha dini sebuleni anaendelea kula, kuzungumza, kwenda msalani na kujinyoosha kwenye kochi. Ya pili ni kumbukumbu za kioo chenyewe. Kioo kile kile kilionyesha mchezo wa kuigiza nusu saa iliyopita na kitaonyesha tangazo la sabuni baada ya dakika tano, na mtazamaji anajua kwamba kwa kubonyeza kitufe tu anaweza kuiacha ibada aende kwingine. Ya tatu ni sura ya mtu. Televisheni hupenda uso wa karibu, na Mungu hana uso wa kupigwa picha. Kinachoonekana ni mhubiri, na macho ya mtazamaji hukaa pale yanapopata cha kutazama.

Ya nne ndiyo inayokata zaidi. Mkuu mmoja wa chama cha watangazaji wa kidini Marekani aliwahi kusema kwamba hupati watazamaji ila kwa kuwapa wanachotaka. Postman alijibu kwamba hiyo ni kanuni ngeni kabisa katika historia ya dini. Musa, Buddha, Yesu, Muhammad na Luther hawakuwapa watu walichotaka. Waliwapa walichokihitaji, na mara nyingi watu walichukia. Televisheni haina njia ya kumpa mtu anachohitaji iwapo hakitaki, kwa kuwa hatakuwapo kukipokea. Katika kitabu kizima hakuna hoja iliyo imara kama hii, na wakosoaji wake wengi wameikwepa.

Walichokigusa ni uhusiano wa chombo na fedha. Mwanzoni vituo vya televisheni vya Marekani vilitoa muda wa bure kwa madhehebu makubwa ya Kiprotestanti, Wakatoliki na Wayahudi, kama sehemu ya wajibu wao kwa umma. Katika utaratibu huo, mwezi Februari 1952 Askofu Fulton Sheen alianza kipindi chake Life Is Worth Living katika mtandao wa DuMont: mtu mmoja, joho lake, ubao na chaki, nusu saa ya maelezo juu ya hasira, uhuru au ukomunisti. Alipata tuzo ya Emmy na mamilioni ya watazamaji, wakiwamo wengi wasio Wakatoliki. Mwaka 1960 tume ya serikali inayosimamia mawasiliano iliamua kwamba hata muda wa dini uliouzwa ungehesabiwa kuwa huduma kwa umma. Vituo havikuwa na sababu tena ya kutoa bure kitu kinachoweza kuuzwa. Muda ulikwenda kwa waliokuwa tayari kuununua, na walioununua walilazimika kuirudisha fedha hiyo kwa kuwaomba watazamaji, wiki baada ya wiki. Kipindi kinachotakiwa kukusanya gharama za kipindi kijacho hakiwezi kumchosha mtazamaji wala kumwudhi. Mengi kati ya yale ambayo Postman aliyaona kuwa tabia ya kioo yalikuwa matokeo ya uamuzi huo wa mwaka 1960.

Uingereza inalithibitisha hili. BBC, inayolipiwa kwa ada ya leseni, ilianza kutangaza Songs of Praise mwezi Oktoba 1961: waumini wa parokia halisi wakiimba tenzi katika kanisa lao, bila mhubiri nyota na bila namba ya kutuma mchango. Kioo ni kile kile, umbo ni jingine. Mwanazuoni wa Wales Raymond Williams alikwisha kuonya katika kitabu chake cha mwaka 1974, Television: Technology and Cultural Form, kwamba kuipa teknolojia utashi wake yenyewe ni kuwaficha watu na taasisi zilizoamua itumikeje. Postman alijua mahali pa kumlaumu mfanyabiashara, lakini alimlaumu kwa haraka kisha akarudi kwenye chombo, na hapo hoja yake ikapungukiwa.

Jaribio kali zaidi kwa hoja ya mahali lilitoka India, miaka miwili tu baada ya kitabu chake. Kuanzia Januari 1987 hadi Julai 1988, kila Jumapili asubuhi, televisheni ya taifa Doordarshan ilionyesha Ramayan, tamthilia ya Ramanand Sagar iliyotokana na utenzi wa kale wa Rama. Barabara zilibaki tupu na maduka yakafungwa. Watu wengi walioga kabla ya kipindi, wakavua viatu, wakaivisha televisheni mashada ya maua na kuifukizia ubani, kwa kuwa katika Uhindu kumwona mungu na kuonwa naye ni tendo la ibada, na picha iliyo hai inaweza kubeba mwono huo. Waigizaji wa Rama na mkewe Sita waliamkiwa barabarani kwa heshima ya miungu wenyewe. Sebule ilitengwa, mwenendo ukabadilika. Postman alikuwa amesema hilo haliwezekani, na mamilioni ya watu walilifanya bila kumwuliza.

Hata hivyo, India hiyohiyo inampa Postman haki kwa njia nyingine, ambayo ni ya ndani zaidi. Hadithi ya Rama ilikuwa imeishi kwa karne nyingi katika sura nyingi: ya Valmiki katika Kisanskriti, ya Tulsidas katika Kihindi cha Awadhi, ya Kamban katika Kitamil, na nyingine zisizohesabika za vijiji, za wanawake, za Wajaini na Wabudha, nyingine zikimlaumu Rama na kumwonea huruma adui yake Ravana. Televisheni ya taifa ilihitaji moja. Iliyochaguliwa ilipewa sura, sauti na mavazi, na kwa watoto waliokua wakiitazama, huyo ndiye Rama. Mwanahistoria Romila Thapar alilalamikia mapema hatari ya mapokeo mengi kugeuzwa kuwa mapokeo rasmi. Arvind Rajagopal, katika Politics After Television cha mwaka 2001, alionyesha jinsi hadhira hiyo moja ya nchi nzima ilivyotumiwa na siasa za utaifa wa Kihindu; waigizaji wa Sita na Ravana walichaguliwa kuwa wabunge mwaka 1991, na tarehe 6 Desemba 1992 msikiti wa Babri, uliosimama mahali panapodaiwa kuwa alizaliwa Rama, ukabomolewa na umati. Si haki kusema kwamba tamthilia iliubomoa msikiti. Ni haki kusema kwamba uchaji wa watazamaji ulikuwa wa kweli na bado chombo kilibadilisha kile walichokicha. Postman alikosea alipodhani kioo lazima kiue uchaji. Hakukosea kwamba chombo hubadilisha ukweli kinaoubeba.

Upungufu wa pili wa Postman ni wa kiteolojia. Dini aliyoiweka kuwa kipimo ni dini ya Neno, ile ya Musa na ya Edwards. Kwa kipimo hicho kila picha ni mteremko. Lakini Ukristo wa Mashariki ulipigana vita virefu juu ya jambo hili hili: Yohane wa Damasko, aliyeishi katika karne ya 8 chini ya utawala wa makhalifa wa Bani Umayya, aliandika kutetea picha takatifu, na Mtaguso wa Nisea wa mwaka 787 ukaamua kwamba heshima inayotolewa kwa mchoro humfikia yule aliyechorwa. Mtu hawezi kuyafuta mapokeo hayo kwa kuitaja amri ya pili. Tofauti kati ya ikoni na televisheni inapaswa kutafutwa kwingine, na Williams ndiye aliyeikaribia alipoeleza kwamba sifa kuu ya televisheni ni mtiririko: kipindi, tangazo, kionjo cha kipindi kijacho, vyote vikipangwa kuwa mkondo mmoja usio na ukingo. Ikoni hutulia. Yule aliye mbele yake ndiye anayebadilika, anasogea, anainama, anaondoka. Kwenye televisheni mtazamaji ndiye ametulia na picha ndiyo inayokwenda. Postman mwenyewe aliiona hali hii katika sura ya habari, ambako alieleza kwa ustadi jinsi mtangazaji anavyolifuta tukio la msiba kwa kugeukia jambo linalofuata. Laiti angeichukua hoja hiyo akaiingiza katika sura ya dini, angeacha kuilaumu picha na kulaumu kukosekana kwa ukingo. Sheen na ubao wake walikuwa na ukingo. Waliofukiza ubani mbele ya televisheni waliujenga wenyewe.

Mapokeo ya sauti yanaithibitisha tofauti hii. Charles Hirschkind, katika The Ethical Soundscape cha mwaka 2006, alichunguza kanda za khutba zilizosikilizwa Kairo katika teksi, madukani na jikoni. Hapa pia mahali hapakutengwa, na kanda ni bidhaa ya sokoni kama nyingine. Lakini wasikilizaji walikuwa na adabu ya usikilizaji waliyoirithi: kuitikia dua, kunyamaza kwenye Aya, kuuruhusu moyo ulainike. Sauti ya mtu mmoja, hoja moja, kwa muda mrefu bila kukatizwa, iliwafikia wakiwa kazini. Kanda za mawaidha zilizouzwa Mombasa na Unguja kabla ya zama za simu za mkononi zilisikilizwa kwa namna inayofanana na hiyo. Postman aliyaweka maneno yaliyochapwa upande mmoja na umeme upande mwingine. Sauti iliyorekodiwa, ambayo ni ya umeme na ya neno kwa pamoja, haikupata nafasi ya kutosha katika mizani yake.

Katika Technopoly, kitabu cha mwaka 1992, alilirudia swali kwa upana zaidi na kwa utulivu. Anaanza na hadithi ya Plato juu ya mfalme Thamus, anayeambiwa na mvumbuzi kwamba maandishi yataongeza kumbukumbu na hekima, naye akajibu kwamba yataipunguza. Halafu anatoa mifano miwili ambayo ni ya kidini kabisa. Watawa Wabenedikto waliikuza saa ya mitambo ili wasikose vipindi saba vya sala kwa siku. Saa ilitoka monasterini ikawa mtumishi wa wafanyabiashara, ikipima kazi na ujira. Gutenberg alikuwa Mkatoliki mwaminifu; matbaa yake ikawa silaha ya Luther. Chombo hakifuati nia ya aliyekibuni. Jamii, alisema, inapaswa kuuliza mapema chombo kitaondoa nini, si kitaleta nini tu, na ni chache zinazouliza.

Tanzania Bara ni mojawapo ya sehemu zilizochelewa kwa kukusudia kuingiza televisheni. Zanzibar ilikuwa na televisheni ya rangi tangu mwanzoni mwa miaka ya 1970, ilhali Bara haikuwa na kituo hadi mwaka 1994, vituo binafsi vilipoanza. Serikali ya awamu ya kwanza iliiona televisheni kuwa anasa ambayo nchi maskini, yenye watu wengi vijijini, ingeilipia kwa kuacha mambo mengine. Hoja ilikuwa ya uchumi na usawa zaidi kuliko ya falsafa ya maarifa, na mjadala ulipofunguliwa haukuhusu umbo la mazungumzo ambalo kioo kingeleta. Kukataa kwa sababu ya gharama hakudumu baada ya gharama kushuka.

Dini zenyewe zimekuwa zikitoa majibu kwa njia ya sheria zao, kwa makini ambayo Postman hakuyazingatia. Mwaka 1958 Papa Pius wa Kumi na Mbili alimtangaza Mtakatifu Klara wa Assisi, aliyefariki mwaka 1253, kuwa msimamizi wa televisheni, kwa sababu ya mapokeo yanayosema kwamba akiwa mgonjwa kitandani usiku wa Noeli aliiona na kuisikia ibada iliyokuwa ikiadhimishwa kanisani. Mwezi Desemba 1985, mwaka uleule wa kitabu cha Postman, Vatikani iliruhusu rehema kamili inayoambatana na baraka ya kipapa inayotolewa na askofu ipokewe hata na waamini wanaoifuata kwa nia njema kwenye redio au televisheni. Lakini komunyo haikupitishwa njia hiyo, na wagonjwa wanaotazama misa nyumbani huletewa ekaristi na mhudumu anayefika mlangoni.

Mwaka 2020, nyumba za ibada zilipofungwa katika nchi nyingi kwa sababu ya korona, mstari huo ulichorwa upya na dini mbalimbali. Wanazuoni wengi wa Kiislamu walisema kwamba sala ya Ijumaa haiswihi kwa kumfuata imamu aliye kwenye kioo. Mtu asali Adhuhuri nyumbani, na mawaidha ayasikilize apendavyo. Kanisa Katoliki lilihimiza misa za televisheni likikumbusha kwamba anayetazama anashiriki kwa tamaa ya kiroho, si kwa kupokea. Marabi wa Kiorthodoksi walishikilia kwamba watu kumi wanaohitajika kwa sala ya jamaa wanapaswa kuwa mahali pamoja, huku baadhi ya marabi wa madhehebu mengine wakilegeza kwa dharura. Katika mengi kati ya maamuzi haya, linalofundishwa limetenganishwa na linalotendwa. Fundisho laweza kupita kwenye kioo, hata kama litapungua. Tendo linalohitaji mwili, bega kwa bega au mkate mkononi, halipiti.

Postman hakuugawa ulimwengu wa dini hivyo, na mgawanyo huo unayaeleza vizuri zaidi yale aliyoyaona. Vipindi vya wahubiri alivyovitazama kwa saa 42 havikuwa fundisho lenye hoja ambalo mtu angeweza kulipima, wala havikuwa tendo ambalo sheria ya dini fulani ingelitambua. Vilichukua umbo la tendo, kwa nyimbo, machozi na mikono iliyowekwa juu ya kioo ili kupokea uponyaji, bila jamaa ya waumini inayoweza kumwuliza mhubiri maswali. Ni hapo katikati, mahali ambapo hakuna fikhi wala kanuni ya kanisa iliyopaswa kujibu, ndipo televisheni ilipopata nafasi kubwa zaidi ya kuamua yenyewe ibada iweje.